Jinsi ya Kuwa Msanifu wa Mandhari ya Filamu, Kuanzia Skripti Hadi Kubomoa Seti

Ukiwatoa waigizaji na nguo walizovaa, karibu kila kinachobaki ndani ya fremu kimepita mikononi mwa msanifu wa mandhari: ukuta na rangi yake, kiti, kalenda ambayo hakuna aliyekumbuka kuigeuza, ufa kwenye kioo, barua iliyo mezani, hata mtaa unaoonekana dirishani. Yeye, mwongozaji na mpiga picha mkuu ndio watatu wanaoamua filamu itakuwa na sura gani. Mara nyingi yeye huanza kazi kabla ya mpiga picha, kwa sababu seti haijengwi usiku mmoja.

Wengi huingia wakidhani kazi hii ni ya mwenye mkono mzuri wa kuchora. Kuchora kunasaidia, lakini wachoraji wanaajirika. Anacholipwa msanifu ni kuamua, na kuweza kueleza kwa nini ameamua hivyo: kwa nini mlango uko kushoto, kwa nini chumba hiki hakina dirisha, kwa nini pesa ziende kwenye ngazi badala ya sebule. Sababu hizo zinatoka sehemu tatu tu, yaani skripti, kamera na bajeti. Ukizijua hizo tatu, mkono mzuri utakuwa nyongeza.

Cheo chenyewe kilipata uzito kupitia filamu ya Gone with the Wind ya mwaka 1939, ambayo mtayarishaji David O. Selznick alimpa William Cameron Menzies jukumu la sura yake nzima, matumizi ya rangi yakiwemo. Kabla ya hapo studio kubwa za Marekani zilikuwa na mkuu wa idara ambaye jina lake liliandikwa kwenye filamu nyingi hata kama michoro ilifanywa na wengine. Cedric Gibbons wa MGM ndiye mfano maarufu. Leo msanifu huajiriwa kwa filamu moja moja, na akishaimaliza hutafuta nyingine. Hilo lijue mapema, maana ndilo litakalopanga maisha yako.

1. Ijue idara, kisha chagua mlango wa kuingilia

Idara ya sanaa ya filamu kubwa inaweza kuwa na watu zaidi ya mia. Ya filamu fupi inaweza kuwa wewe na rafiki mwenye gari. Majukumu ni yale yale, ila kwenye filamu ndogo mtu mmoja anabeba matano.

Chini ya msanifu yuko mkurugenzi wa sanaa, ambaye hasa ndiye meneja wa idara: anagawa kazi, anafuatilia michoro, anapambana na ratiba. Wapo wachora ramani za ujenzi, wachoraji wa picha za awali, watengeneza modeli, na mtu wa karatasi na maandishi anayebuni mabango, magazeti, vitambulisho na lebo za chupa. Mkuu wa ujenzi ana maseremala wake na mafundi rangi wake. Upande wa pili yuko mpambaji wa seti na wanunuzi wake, wanaoleta samani, mapazia, taa na vyombo. Kisha kuna mkuu wa vifaa vya kuigizia, anayeshughulikia kila ambacho mwigizaji anakishika.

Kati ya hawa wawili wa mwisho kuna mpaka unaozaa ugomvi kila siku. Kikombe kikiwa kabatini ni cha mpambaji. Mwigizaji akikichukua akanywea, kimekuwa cha mkuu wa vifaa. Kalieni kikao mapema mgawane orodha.

Usimdharau mpambaji. Oscar ya usanifu wa mandhari hutolewa kwa watu wawili, msanifu na mpambaji wa seti. Hannah Beachler alipoipata mwaka 2019 kwa Black Panther, akiwa Mmarekani mweusi wa kwanza kushinda katika kundi hilo, aliigawana na mpambaji wake, Jay Hart.

Njia za kuingilia ni nyingi. Ken Adam, aliyesanifu chumba cha vita katika filamu ya Dr. Strangelove ya mwaka 1964, alikuwa amesomea usanifu majengo. Beachler alianzia kwenye ubunifu wa mavazi. Wengine wametoka kwenye jukwaa la tamthilia, useremala, upambaji wa ndani au uchoraji wa mabango. Shule zinazofundisha fani hii moja kwa moja zipo: NFTS ya Uingereza, AFI Conservatory ya Los Angeles na La Fémis ya Paris zote zina kozi yake. Faida kubwa ya shule, kwa maoni yangu, ni kukutana na waongozaji wa rika lako, kwa kuwa ndio watakaokuita baada ya miaka kumi. Asiyepata shule anaweza kuwapata watu hao hao kwenye filamu fupi.

Kama unapenda vipimo na ujenzi, ingia kama msaidizi wa wachora ramani, upande hadi mkurugenzi wa sanaa. Kama jicho lako liko kwenye vitu, masoko na maghala ya vitu vikuukuu, ingia upande wa upambaji. Njia zote mbili hufika juu. Inayochelewesha watu ni kukaa nje wakisubiri waitwe kuwa wasanifu moja kwa moja.

2. Vipimo kwanza

Anza na chumba ulichomo sasa hivi. Chukua futi kamba, pima kila ukuta, kimo cha dari, upana wa mlango, urefu wa kizingiti cha dirisha kutoka sakafuni, unene wa ukuta. Chora ramani ya sakafu kwa skeli ya 1:50, yaani sentimita 2 kwenye karatasi ni mita 1 chumbani. Kisha chora kila ukuta ukiutazama kwa mbele. Wamarekani hutumia robo inchi kwa futi moja, ambayo ni 1:48, kwa hiyo ukizoea moja utaisoma na nyingine. Vitu vidogo kama fremu ya mlango au nakshi hupandishwa hadi 1:10 au ukubwa wake halisi.

Mchoro ukikamilika, mpe mtu asiyekijua chumba hicho akueleze kilivyo. Akikosea, kilichokosea ni mchoro wako.

Hatua inayofuata ndiyo inayomtenganisha msanifu wa filamu na msanifu wa nyumba: jifunze kamera inaona nini. Hesabu ni nyepesi. Upana unaoonekana ni umbali wa kamera, mara upana wa sensa (kipande kilicho ndani ya kamera kinachopokea picha), gawanya kwa urefu wa fokasi wa lenzi, yaani zile milimita zinazoandikwa juu yake. Chukua sensa ya Super 35, ambayo upana wake ni kama milimita 25. Kwa lenzi ya milimita 50, ukuta ulio mita 5 mbele ya kamera utaonekana upana wa mita 2.5 tu. Badilisha uweke lenzi ya milimita 25, utaonekana mita 5.

Sasa angalia kimo. Fremu ya 16:9 yenye upana wa mita 5 ina kimo cha mita 2.8 hivi. Kamera ikiwa mita 1.5 kutoka chini na inatazama mbele sawasawa, ukingo wa juu wa fremu unafika karibu mita 2.9 ukutani. Ukiwa umejenga ukuta wa mita 2.4, kwa sababu ndivyo mbao za plaiwudi zinavyouzwa, kamera itaona paa la studio na taa zote. Lakini filamu ikipigwa kwa fremu pana ya 2.39:1, ukingo huo unashuka hadi mita 2.55 hivi, na ukuta wa mita 3 unakuachia nafasi ya kutosha bila dari. Ndiyo maana swali la kwanza kwa mpiga picha mkuu ni umbo la fremu na lenzi anazozipenda. Jibu lake ni pesa taslimu kwako.

Kuhusu programu, SketchUp hutosha kuanzia, Vectorworks na Rhino utazikuta kwenye idara kubwa, na Blender haigharimu kitu. Jifunze moja vizuri. Siku hizi wapo wanaokuja kikaoni na picha za kupendeza zilizotengenezwa na kompyuta kwa kuandika sentensi moja. Zinafaa kuonyesha hali ya chumba, lakini ukimpa seremala picha isiyo na vipimo atakurudishia, na atakuwa sahihi.

3. Soma skripti mpaka ikuchoshe

Soma mara ya kwanza bila kalamu, kwa kikao kimoja, kama mtazamaji. Andika baadaye ulichokumbuka tu: mahali gani palikukaa kichwani, wapi ulichanganyikiwa uko wapi. Usomaji huo hautarudi tena, kwa hiyo usiupoteze ukiwa kwenye foleni.

Mara ya pili pitia vichwa vya matukio: ndani au nje, mahali gani, mchana au usiku. Weka kwenye jedwali. Hesabu kila mahali panarudi mara ngapi na kurasa ngapi zinafanyika pale. Ukurasa mmoja wa skripti hukadiriwa kuwa dakika moja ya filamu, kwa hiyo jedwali hilo linakuonyesha mtazamaji atakaa wapi muda mrefu zaidi.

Mara ya tatu nenda mstari kwa mstari ukitoa kila kitu kilichotajwa. Mara ya nne tafuta ambacho hakikutajwa, na hapo ndipo kazi ilipo. Chukua tukio kama hili:

*NDANI. CHUMBA CHA MWALIMU MSTAAFU. USIKU. Ameketi mezani. Simu inaita. Haipokei. Anafungua droo, anatoa bahasha, anaichoma.*

Mistari miwili tu. Anayesoma haraka ataandika: meza, kiti, simu, bahasha. Tuichambue.

Bahasha inachomwa. Tukio litarudiwa mara kadhaa na kila mara inahitajika nyingine inayofanana, kwa hiyo andaa kumi na tano, zikiwa na mikunjo ile ile na mwandiko ule ule. Je, mtazamaji anasoma jina lililo juu yake? Ndani kuna nini, na karatasi hiyo ikiungua inaonekana? Mwandiko ni wa nani, na mhusika huyo ameandika kitu kingine mahali popote kwenye filamu? Kama ndiyo, lazima ulingane.

Moto. Anauchomea wapi, kwenye sahani au juu ya meza? Kama ni juu ya meza, uso wa meza utaungua, kwa hiyo unahitaji nyuso za meza za akiba zinazobadilishwa. Mapazia yaliyo karibu yapakwe dawa ya kuzuia moto. Lazima awepo mtu wa usalama na kizima moto, na gharama yake iingie leo.

Droo. Mwongozaji akitaka kamera itazame kutoka ndani ya droo, meza itengenezwe nyuma iko wazi. Muulize sasa, meza haijanunuliwa.

Usiku. Mwanga unatoka wapi? Taa ya mezani utakayoichagua ndiyo huenda ikawa taa kuu ya tukio, kwa hiyo kivuli chake, kimo chake na balbu yake vinamhusu mpiga picha mkuu kuliko vinavyokuhusu wewe.

Simu. Ya mezani au ya mkononi? Hilo linaamua filamu ni ya miaka gani. Na iko wapi? Ikiwa kando ya kiganja chake, kutoipokea ni ukaidi. Ikiwa upande wa pili wa chumba, kutoipokea kunaweza kuwa uchovu au uzee. Mwandishi hakusema. Wewe ndiye unayeiweka simu mahali, kwa hiyo nenda kwa mwongozaji na swali hilo hilo: ni ukaidi au ni uchovu?

Kisha mwalimu mwenyewe. Amestaafu lini? Vitabu bado viko rafuni au vimefungwa kwenye maboksi? Kuna kiti cha pili, na kama kipo, kinakaliwa au kimejaa magazeti? Hakuna hata moja lililoandikwa, na yote yataonekana.

Ukimaliza filamu nzima kwa namna hiyo utakuwa na maswali mengi kuliko majibu. Yapange, uyapeleke kwenye kikao cha kwanza. Waongozaji wengi huajiri kutokana na maswali hayo zaidi ya michoro.

4. Tafiti, kisha punguza

Kusanya picha, lakini zitoke kwenye maisha: picha za familia, kumbukumbu za magazeti, vitabu vya upigaji picha, ramani za zamani, na zaidi ya yote mahali penyewe na watu wanaoishi pale. Ukikusanya kutoka filamu nyingine peke yake, utatengeneza nakala ya nakala. Daktari atakuambia mahali anapotundika koti lake, na hilo hutalikuta kwenye intaneti.

Kwa ulimwengu wa kubuni utafiti huongezeka. Kwa Wakanda, nchi ya kubuni ya Black Panther, Beachler alitengeneza kitabu cha mwongozo cha kurasa zaidi ya 500, ili idara zote zifuate chanzo kimoja. Chako kitakuwa kidogo, labda kurasa ishirini. Kila ukurasa uwe na sababu ya kuwepo.

Rangi huamuliwa na watu watatu mezani: wewe, mpiga picha mkuu na mbunifu wa mavazi. Leta vipande halisi vya kitambaa na ubao uliopakwa rangi, achana na picha za simu. Mwigizaji mwenye shati la kijani mbele ya ukuta wa kijani hupotea, na kuna filamu inayotaka apotee. Iwe mmekubaliana tu. Nyeupe tupu ikwepe ukutani. Hurudisha mwanga mwingi kuliko uso wa mtu na kumpa mpiga picha taabu. Mafundi huikata kwa kijivu au krimu, na kwenye skrini bado inasomeka kama nyeupe. Rangi yoyote muhimu ijaribiwe mbele ya kamera itakayotumika, chini ya taa zitakazotumika.

5. Jenga au tafuta?

Jengo halisi lina historia ambayo huwezi kuinunua: sakafu iliyochakaa kwa miaka, dirisha lenye mtaa wa kweli nje. Seti inakupa udhibiti: ukuta unaoondoka kupisha kamera, usiku wakati wowote, ukimya. Kurasa nyingi, matukio ya hatari, maji, moto au kamera inayozunguka husukuma kuelekea kujenga. Tukio moja la nusu ukurasa tafuta jengo.

Mfano mzuri wa kufikiria kwa namna hii ni Parasite ya mwaka 2019, iliyosanifiwa na Lee Ha-jun. Nyumba ya matajiri, ambayo watazamaji wengi waliidhani ya kweli, ilijengwa kwa ajili ya filamu: sehemu ya chini na bustani nje, ikielekezwa kwa kufuata njia ya jua, na sehemu nyingine ndani ya studio. Mtaa wa familia maskini, yenye nyumba iliyozama nusu chini ya ardhi, ulijengwa ndani ya tangi la maji ili uweze kufurika. Kila uamuzi hapo umefuata tukio fulani lililoko kwenye skripti.

Ukienda kukagua jengo, piga picha kila upande, hata upande usiopendeza, na upime milango na ngazi kabla hujalipenda. Kochi lisilopita mlangoni limeharibu asubuhi za watu wengi. Jua linaingia dirisha gani saa ngapi? Kuna kelele gani, na saa ngapi? Lori litaegeshwa wapi? Umeme unatosha? Nani anamiliki, na ameridhia kwa maandishi upake rangi? Bei ya kurudisha hali ya awali iandikwe pale pale.

Kuta za LED zinazoonyesha mandhari ya kompyuta nyuma ya waigizaji zimeongeza njia ya tatu. Kwa msanifu badiliko kubwa ni ratiba: dunia ya nyuma lazima iwe imekamilika kabla ya kupiga picha, wakati kwa pazia la kijani, ambalo kompyuta hulibadilisha kuwa mandhari, ilikuwa ikimaliziwa miezi baadaye. Pia, pale mchanga halisi unapokutana na mchanga wa skrini, rangi zake zisipolingana hakuna lenzi itakayoficha.

6. Bajeti

Mali bila daftari huisha bila habari. Anayeanza huhesabu mbao na rangi, akasahau mikono inayozipigilia, usafiri, ghala, kukodi samani kwa siku za ziada, kusafisha, kubomoa na kutupa taka. Gawa kwa kila seti, na ndani ya kila seti tenga ujenzi, upambaji, vifaa vya kuigizia na karatasi. Acha akiba, wengi hutenga kama asilimia 10.

Nambari zikizidi, na zitazidi, rudi kwenye jedwali lako la kurasa. Seti inayobeba kurasa kumi na tano inastahili pesa kuliko ukumbi wa fahari unaoonekana kwa sekunde arobaini. Tumia tena kuta: ukuta ule ule ukibadilishwa rangi, mlango na dirisha unakuwa ofisi nyingine. Buni kuta kwa kufuata kipimo cha plaiwudi, futi 4 kwa 8, uone taka zinavyopungua.

Kwa mtayarishaji usiende na neno "haiwezekani". Nenda na machaguo mawili yenye bei: ukitaka ngazi ya kuzunguka, tunapoteza paa, ukitaka paa, ngazi inakuwa ya kawaida na kamera haitapanda. Kisha mwache yeye na mwongozaji wachague mbele yako.

7. Kujenga, kuchakaza, kukabidhi

Wakati wa ujenzi kazi yako ni kuwepo na kujibu. Fundi anayesubiri jibu analipwa akisubiri. Zingatia usalama: studio za Marekani huacha njia ya futi 4 kati ya seti na kuta za jengo kwa ajili ya moto, na ni kipimo kizuri popote ulipo.

Seti mpya hunuka upya hata kwenye skrini. Hapa fundi rangi mzuri ana thamani kubwa, na ni vizuri ujue anachokifanya. Chukua mlango mmoja. Mlango huchakaa pale mwili unapofika: kuzunguka kitasa, sentimita chache juu yake ambapo kiganja husukuma, na chini kabisa ambapo viatu na mifagio hugonga. Kona ya juu upande wa bawaba hubaki safi miaka yote. Fundi hupaka rangi ya kwanza, labda kijani iliyofifia, juu yake anapaka krimu, ikikauka anaisugua kwa msasa pale tu mikono inapofika hadi kijani itokeze. Kisha anazimua rangi ya kahawia kwa maji mengi, anapaka mlango mzima na kuufuta papo hapo kwa kitambaa kikavu. Uchafu unabaki kwenye mifereji na pembe, kama unavyobaki kwenye mlango wa kweli. Ukutani, swichi ya taa hupata kivuli cha vidole upande ambao mtu huingilia. Unyevu wa paa linalovuja huanzia juu na kushuka. Picha iliyotolewa huacha mraba wa rangi ya awali. Seti iliyochafuliwa sawasawa kila mahali huonekana imechafuliwa na idara ya sanaa.

Karatasi na maandishi yapitiwe na mwanasheria wa filamu: nembo za kampuni, michoro ya wasanii walio hai, majina ya watu, namba za simu. Nchini Marekani namba za 555-0100 hadi 555-0199 zimetengwa kwa hadithi za kubuni.

Siku ya kupiga picha uwe pale kabla ya kamera, uwatembeze mwongozaji na mpiga picha mkuu, kaa mpaka picha ya kwanza ipite, ukitazama kwenye monita na siyo kwa macho. Kiti kitasogezwa. Usinune, hakikisha tu kimepigwa picha kilipokuwa, maana tukio linalofuata linaweza kupigwa wiki mbili baadaye. Kisha nenda kwenye seti ya kesho, mwachie anayebaki zamu.

Usibomoe chochote mpaka upate ruhusa kwa maandishi. Mhariri huweza kugundua kuwa picha moja ya kitasa haipo.

8. Kupata kazi, na kuishi kati ya kazi

Jalada la kazi liwe fupi. Filamu nne au tano zinatosha, na kila moja ionyeshe safari: mstari wa skripti, utafiti, ramani, seti ikijengwa, na fremu ya mwisho kutoka kwenye filamu. Picha nzuri za seti tupu hazimwambii mwongozaji kama unajua kamera. Kama huna filamu bado, chukua hadithi fupi yoyote uisanifu hadi ramani na bajeti. Andika wazi jukumu lako halisi. Idara hizi zinajuana, na aliyechora kile unachokidai atakuwa ameketi kwenye kikao kinachofuata.

Kabla ya mahojiano soma skripti kama tulivyoeleza, peleka picha chache na maswali mengi. Usipeleke sura iliyokamilika. Mwongozaji hutaka mtu wa kufikiri naye kwa miezi, na ukifika na majibu yote umemfungia mlango.

Filamu za wanafunzi na filamu fupi ndizo mazoezi, hata zikilipa kidogo au zisilipe. Weka kikomo: baada ya chache, chagua zile ambazo mwongozaji wake ungependa kukua naye, nyingine zikatae kwa adabu. Nafasi ya msaidizi kwenye filamu kubwa itakufundisha ratiba na mpangilio ambao filamu ndogo hazina. Vyama vya fani kama Art Directors Guild cha Los Angeles na British Film Designers Guild hutambulisha wanachama wao kwa watayarishaji, na kwenye baadhi ya kazi uanachama ni sharti.

Mkataba usomwe kabla ya siku ya kwanza. Siku za maandalizi zilipwe. Wapo watayarishaji wanaotaka kulipa siku za kamera tu, ilhali sehemu kubwa ya kazi yako imekwisha kabla kamera haijawashwa. Siku za kurudisha vitu na kufunga hesabu nazo zihesabiwe. Iandikwe nani anamiliki michoro, lini unaruhusiwa kuonyesha picha zake kwenye jalada lako, na cheo chako kitakavyosomeka kwenye orodha ya majina. Vifaa ulivyonunua kwa pesa yako mwenyewe viwe na risiti na muda wa kurudishiwa, maana filamu ikiisha ofisi yake hufungwa, na simu ya mhasibu huacha kupokelewa ndani ya wiki chache.